Lysias, Mwandishi wa Hotuba za Mahakamani

Lysias alikuwa mwandishi wa hotuba za mahakamani mjini Athens, katika Ugiriki ya kale. Alifariki karibu mwaka 380 Kabla ya Kristo (KK), baada ya kuushuhudia mji huo ukitoka kwenye kilele cha nguvu zake, ukashindwa vitani, ukatawaliwa kwa mabavu, kisha ukajijenga upya. Mteja alimweleza kisa chake, naye Lysias akakipanga na kukiandika. Mteja aliyakariri maneno hayo, kisha akasimama mwenyewe mbele ya mahakama na kuyasema kama yake. Kwa kazi hiyo Lysias alijipatia riziki kwa zaidi ya miaka ishirini, na kwa kazi hiyo sauti za watu wa kawaida wa Athens zimehifadhiwa hadi leo.

Ukoo na ujana

Baba yake, Cephalus, alitoka Syracuse katika kisiwa cha Sicily. Alihamia Athens kwa mwaliko wa Pericles, kiongozi mashuhuri wa mji huo, akaishi huko miaka thelathini. Katika muda huo wote hakumshtaki mtu wala hakushtakiwa, jambo ambalo mwanawe alilitaja baadaye kwa fahari. Familia hiyo ilihesabiwa miongoni mwa wageni wakaazi. Watu wa daraja hilo walilipa kodi maalumu kila mwaka na waliitwa vitani kama wengine, lakini hawakupiga kura katika baraza la raia wala hawakuketi mahakamani kama waamuzi.

Waandishi wa kale waliweka kuzaliwa kwa Lysias mwaka 459 KK, ila wataalamu wengi wa leo wanaona kuwa alizaliwa baadaye, katika miaka ya 440. Nyumba yao ilikuwa katika bandari ya Piraeus, na wageni wengi wasomi walipita hapo. Mwanafalsafa Plato aliyaweka mazungumzo ya kitabu chake Jamhuri katika nyumba ya Polemarchus, kaka yake Lysias. Humo mzee Cephalus anazungumza na Socrates kuhusu uzee, mali na haki. Lysias naye yumo kati ya waliohudhuria, lakini hasemi neno.

Akiwa na umri wa miaka kumi na mitano, Lysias alikwenda Thurii, mji mpya wa Wagiriki kusini mwa Italia. Mapokeo yanasema kwamba huko alijifunza usemaji kwa Tisias, mmoja wa walimu wa kwanza wa fani hiyo. Mwaka 413 KK jeshi la Athens liliangamia Sicily, na wale wa Thurii waliokuwa upande wa Athens wakafukuzwa. Lysias alirudi Piraeus mwaka 412 KK.

Kiwanda cha ngao na Wale Thelathini

Lysias na Polemarchus waliendesha kiwanda cha ngao, nao walikuwa miongoni mwa wageni wakaazi matajiri kabisa. Utajiri huo ulitokana na jasho la wengine, kwa maana mali yao ilijumuisha watumwa 120.

Mwaka 404 KK Athens ilisalimu amri kwa Sparta baada ya vita vya miaka ishirini na saba. Kwa msaada wa Wasparta, wanaume thelathini walitwaa utawala, na historia imewaita Wale Thelathini. Katika miezi michache waliwaua watu wapatao 1,500. Walipokosa fedha, wawili kati yao, Theognis na Peison, walipendekeza wageni wakaazi wakamatwe na mali yao ichukuliwe. Yalichaguliwa majina kumi, na mawili kati ya hayo yalikuwa ya watu maskini, ili ionekane kwamba shabaha haikuwa fedha.

Lysias alikamatwa nyumbani akiwa na wageni mezani. Wageni walifukuzwa, naye akaachwa mikononi mwa Peison huku wenzake wakienda kiwandani kuorodhesha watumwa. Lysias alimwahidi Peison talanta moja ya fedha amwachilie. Peison akaapa, akajitakia maangamizi yeye na watoto wake endapo angevunja ahadi. Lysias alipofungua sanduku chumbani, Peison aliona ndani yake talanta tatu za fedha, sarafu 400 za Cyzicus, sarafu 100 za dhahabu za Uajemi na vikombe vinne vya fedha, akachukua vyote. Lysias aliomba abakishiwe angalau nauli, akaambiwa ashukuru kama ataokoa roho yake.

Walipotoka nje walikutana na wakamataji wengine, na Lysias akapelekwa kwenye nyumba ya Damnippus, mtu aliyemfahamu, ambamo Theognis alikuwa akiwalinda wafungwa. Lysias alijua kuwa nyumba hiyo ilikuwa na njia ya mbele na ya nyuma. Damnippus alipokuwa akizungumza na Theognis, Lysias aliondoka kimya. Ilimpasa apite milango mitatu, na yote aliikuta wazi. Alijificha kwa nahodha Archeneos, akamtuma mjini aulizie habari za Polemarchus. Nahodha alirudi na habari kwamba Eratosthenes, mmoja wa Wale Thelathini, alikuwa amemkamata Polemarchus njiani na kumtia gerezani. Usiku uliofuata Lysias alipanda chombo, akavuka hadi mji wa Megara.

Polemarchus aliamriwa anywe sumu bila kusomewa shtaka wala kupewa nafasi ya kujitetea. Familia ilikuwa na nyumba tatu, lakini wauaji hawakuruhusu mazishi yatoke katika hata moja, na maiti ikalazwa katika kibanda cha kukodi. Familia ilikuwa na nguo tele, lakini hawakupewa hata moja ya kumzikia, hivyo rafiki mmoja alitoa vazi na mwingine mto. Mmoja wa Wale Thelathini, Melobius, alimng'oa mke wa marehemu hereni za dhahabu masikioni.

Kutoka uhamishoni Lysias aliwasaidia wapigania demokrasia waliokusanyika chini ya Thrasybulus. Alitoa drakma 2,000 na ngao 200, akachangia kukodi askari wapatao 300. Mwaka 403 KK utawala wa mabavu ulianguka. Thrasybulus alipendekeza Lysias apewe uraia, na raia wakapitisha. Archinus, kiongozi mwingine wa demokrasia, aliupinga uamuzi huo mahakamani kwa sababu hoja haikupitia kwanza katika Halmashauri ya mji kama sheria ilivyodai. Uamuzi ukabatilishwa. Mtu aliyetoa mali yake ili raia warudishiwe haki zao alibaki mgeni mpaka kufa.

Kesi dhidi ya Eratosthenes

Ili kuzuia visasi, Athens ilitangaza msamaha wa jumla. Wale Thelathini hawakuhusishwa na msamaha huo, isipokuwa yule ambaye angekubali kutoa hesabu ya matendo yake hadharani. Eratosthenes alikubali, na Lysias akasimama kumshtaki. Kati ya hotuba zake za mahakamani, hiyo ndiyo pekee inayojulikana kuwa aliitoa kwa kinywa chake.

Eratosthenes alijitetea kwamba alitii amri kwa hofu, na kwamba katika kikao cha Wale Thelathini alikuwa amepinga kukamatwa kwa wageni. Lysias alimhoji mbele ya waamuzi, kisha akayatumia majibu hayo hayo kumbana. Kama kweli alipinga, wenzake wangempaje kazi hiyo yeye waliyemjua kuwa mpinzani? Tena hakumkuta Polemarchus nyumbani, mahali ambapo wengine wangejua kama alikuwepo au la. Alimkuta barabarani, na angeweza kumpita na kusema kwamba hakumwona. Hoja hiyo haina neno kubwa hata moja. Inategemea jambo ambalo kila msikilizaji aliweza kulipima kwa akili yake mwenyewe. Uamuzi wa kesi haukuhifadhiwa.

Mahakama isiyo na wakili

Baada ya kupoteza mali, Lysias aligeukia uandishi wa hotuba. Soko la kazi hiyo lilitokana na jinsi mahakama za Athens zilivyoendeshwa. Hapakuwa na mwendesha mashtaka wa serikali wala hakimu wa kufafanua sheria. Raia waliotimiza miaka thelathini walichaguliwa kwa bahati nasibu kuwa waamuzi, 201 kwa kesi ndogo, 501 au zaidi kwa kesi kubwa, wakalipwa oboli tatu, sarafu ndogo za fedha, kwa siku. Kila upande ulipimiwa muda kwa saa ya maji, chombo chenye tundu la kuchuruzishia maji. Hotuba zilipokwisha, waamuzi walipiga kura papo hapo bila kujadiliana. Aliyeshtaki na aliyeshtakiwa walitakiwa waseme wenyewe. Ndugu au rafiki aliweza kuongezea neno, lakini hapakuwa na wakili wa kulipwa kama ajulikanavyo leo.

Utaratibu wa mtu kujisemea mwenyewe unafahamika vyema pia Gusii, nchini Kenya. Kesi za mahari, mipaka na mifugo zilisikilizwa na baraza la wazee liitwalo etureti, na wakati wa ukoloni zikafika pia mbele ya ritongo, mahakama ya Kiafrika iliyotambuliwa na serikali. Mawakili hawakuruhusiwa kusimama katika mahakama hizo. Mtu wa Masimba au sehemu nyingine ya Nyaribari aliyedai ng'ombe wa mahari alieleza mwenyewe ni wangapi waliotolewa, nani alishuhudia, na kwa nini warudishwe. Philip Mayer, mtafiti aliyefanya kazi Gusii mwishoni mwa miaka ya 1940, alichapisha mwaka 1950 kitabu juu ya sheria ya mahari ya Abagusii, na kesi za namna hiyo ndizo zilizokuwa msingi wake. Mahakama za Kiafrika ziliondolewa nchini Kenya na Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya mwaka 1967.

Hata hivyo, tofauti ni kubwa. Wazee wa Gusii waliuliza maswali na kujadiliana wakitafuta suluhu, na mtu asiye msemaji aliweza kuvutwa polepole hadi ukweli wake ujulikane. Mjini Athens maji yakishaisha, maneno yamekwisha. Aliyegugumia alishindwa hata kama haki ilikuwa yake. Pengo hilo ndilo lililojazwa na waandishi wa hotuba.

Ufundi wake

Waandishi wengine wa hotuba walipenda maneno mazito na sentensi zilizopambwa. Lysias alitumia Kigiriki cha kila siku cha Athens. Utangulizi wake ulikuwa mfupi na masimulizi yake wazi, na kila msemaji alizungumza kulingana na umri wake, tabia yake na hali yake. Mkulima alisikika kama mkulima, na waamuzi waliomsikia hawakuwa na sababu ya kushuku kwamba maneno yalinunuliwa.

Mfano mmoja ni wa mlemavu aliyekuwa akipokea oboli moja kwa siku kutoka hazina ya mji. Mtu mmoja alidai kuwa hastahili, kwa kuwa ameonekana akipanda farasi. Mlemavu anaijibu Halmashauri kwa uchangamfu. Farasi ni wa kuazima, na kama angekuwa tajiri angenunua nyumbu mwenye tandiko zuri. Yeye hutembea kwa fimbo mbili ilhali wengine hutumia moja, basi mbona hashtakiwi kwa kutumia mbili? Katika hotuba nyingine mkulima anatuhumiwa kung'oa kisiki cha mzeituni mtakatifu shambani mwake, kosa lililoweza kumfanya afukuzwe nchini na kunyang'anywa mali. Anajibu kwa kuuliza angepata faida gani kwa kujiweka katika hatari hiyo mbele ya majirani na watumwa wake. Hotuba ya takriban mwaka 386 KK inawashambulia wauza nafaka walionunua kupita kiwango cha sheria na kuficha akiba ili bei ipande.

Katika kesi ya Euphiletus, aliyemuua mwanamume aliyemfumania na mkewe, mambo madogo ya nyumbani ndiyo yanayobeba utetezi. Mume anaeleza kwamba baada ya mtoto kuzaliwa alihamia ghorofani ili mama alale chini na asiwe katika hatari ya kuteremka ngazi usiku akienda kumwogesha mtoto. Usiku mmoja mlango ulilia. Asubuhi mke alisema taa ilizimika akaenda kwa majirani kuiwasha, ingawa uso wake ulionekana kupakwa poda na kaka yake alikuwa hajatimiza siku thelathini tangu afe. Mume hakuuliza. Waamuzi wanamwona mtu mwaminifu, mzito wa kushuku, ambaye hangeweza kupanga hila. Hiyo ndiyo picha ambayo utetezi ulihitaji.

Kesi ya mayatima wa Diodotus

Hotuba inayoonyesha vizuri zaidi uwezo wa Lysias ni ile dhidi ya Diogeiton. Diodotus, mfanyabiashara, alimwoa binti wa ndugu yake Diogeiton, wakazaa wavulana wawili na msichana. Mwaka 409 KK aliuawa vitani huko Ephesus, akiwa amemkabidhi Diogeiton mali na watoto. Kwa hiyo Diogeiton alikuwa kwa watoto hao ndugu wa baba yao, babu yao upande wa mama, na mlezi wao. Baada ya miaka minane mvulana mkubwa alifikia utu uzima. Diogeiton alimwita, akamwambia kuwa baba yao aliacha mina ishirini za fedha na sarafu thelathini za dhahabu tu, na kwamba sasa ajitafutie riziki.

Mina moja ilikuwa drakma 100, na talanta moja drakma 6,000. Fundi stadi alipata takriban drakma moja kwa siku. Urithi wa kweli ulikuwa wa talanta kadhaa. Diogeiton alipobanwa alikiri sehemu yake, lakini akadai kuwa alitumia talanta saba na drakma 4,000 kuwalea watoto. Lysias anazipitia hesabu hizo kipengele kwa kipengele. Chakula cha watoto watatu kiliandikwa oboli tano kwa siku. Viatu, ufuaji na kinyozi havikuandikwa kwa mwezi wala kwa mwaka, vikatupwa kwa jumla ya zaidi ya talanta moja. Mwana-kondoo wa sikukuu aliandikwa drakma kumi na sita, na nane kati ya hizo zikatozwa kwa watoto.

Kisha Lysias anatoa hesabu yake. Tuseme matumizi ya watoto watatu, mtunzaji wao na mtumishi wao yalikuwa drakma 1,000 kwa mwaka, kiasi ambacho hakuna mlezi aliyewahi kukitumia. Kwa miaka minane ni drakma 8,000. Ukizitoa katika talanta saba na mina arobaini, zinabaki talanta sita na mina ishirini. Mwamuzi yeyote aliweza kuhesabu pamoja naye, na kila aliyehesabu alimwona mwizi.

Mama wa watoto, binti wa Diogeiton mwenyewe, hakuruhusiwa kusema mahakamani kwa sababu alikuwa mwanamke. Lysias alipata njia. Anayesimama kushtaki ni mume wa binti wa mama huyo, naye anasimulia kikao cha familia ambapo mama huyo alimkabili baba yake mbele ya wanaume wote. Alitaja fedha moja baada ya nyingine, akataja kitabu cha hesabu ambacho watoto walikiokota familia ilipokuwa ikihama, akamlaumu kwa kuwafukuza wajukuu zake wakiwa na nguo zilizochakaa, bila viatu na bila matandiko. Kwa namna hiyo sauti iliyokatazwa iliingia mahakamani, na kesi nzima ikasimama juu yake.

Mipaka ya kazi yake

Lysias hakuandika kwa upande mmoja tu wa siasa. Kati ya hotuba zake kuna utetezi wa mtu aliyebaki mjini wakati wa Wale Thelathini na kushukiwa kuwa aliwaunga mkono. Waliolipa ndio waliopata maneno yake, na ufundi uleule uliomsaidia yatima ungeweza kumsaidia mwenye hatia. Plato alilijua hilo. Katika mazungumzo yake yaitwayo Phaedrus, Socrates anaikosoa hotuba inayotajwa kuwa ya Lysias kwa kukosa mpango na kutojali ukweli. Na ingawa Lysias aliwapa sauti watu wengi, watumwa hawakuwa miongoni mwao. Katika mahakama za Athens ushahidi wa mtumwa ulikubaliwa kama umetolewa chini ya mateso, na hotuba zake zinalitaja jambo hilo kama la kawaida.

Urithi wake

Katika karne zilizofuata hotuba 425 zilihusishwa na jina lake, na wachambuzi wa kale walikubali 233 kuwa zake halisi. Ilisemekana kuwa wateja wake walishindwa mara mbili tu. Zilizofikia wakati wetu ni thelathini na nne, baadhi zikiwa pungufu na chache zikitiliwa shaka. Nyingi zimehifadhiwa katika hati moja ya karne ya kumi na mbili Baada ya Kristo iliyoko Heidelberg, Ujerumani, ambayo nakala nyingine zimetokana nayo. Hotuba dhidi ya Diogeiton haimo humo. Imepatikana kwa sababu Dionysius wa Halicarnassus, mchambuzi wa karne ya kwanza KK, aliinukuu katika insha yake juu ya Lysias, na alikoacha kunukuu ndiko inakokomea.

Wasomi wa kale walimweka Lysias katika orodha ya wasemaji kumi bora wa Athens. Waroma waliobishana kuhusu usemaji bora walimtaja kama kielelezo cha lugha safi isiyo na mapambo, na tangu hapo wanafunzi wa Kigiriki wamesomeshwa hotuba zake. Kwa wanahistoria ni chimbuko kuu la habari kuhusu sheria, bei, nyumba, ndoa na urithi vya Athens, mambo ambayo waandishi wa vita na siasa hawakuyaandika.

Swali alilolijibu kwa kalamu, la jinsi mtu wa kawaida anavyoweza kujisemea mahakamani, bado lipo. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 inampa kila mtu haki ya kufikia haki, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2016 inaelekeza wasiojiweza wasaidiwe, na Mahakama ya Madai Madogo, iliyoanzishwa kwa sheria ya mwaka huohuo, inamruhusu mtu asimame bila wakili. Hata hivyo, mjane au yatima anayedai shamba la marehemu bado anahitaji kujua aanze na nini, aonyeshe hesabu gani, na amtaje shahidi yupi. Lysias alionyesha kwamba katika kesi ya namna hiyo maneno makubwa si ya lazima. Kinachohitajika ni kisa kilichopangwa kwa mfuatano wake, tarakimu zinazoweza kuhesabiwa na kila mtu, na lugha ambayo mwenye kesi anaizungumza nyumbani kwake. Kwa mtu aliyenyimwa uraia na mji alioutumikia, hakuna mchango mkubwa kuliko huo aliouachia raia wa mji huo na walimwengu waliokuja baadaye.